Madeni ya wanakandarasi yanavyowageuza wajenzi kuwa wakopeshaji wa serikali

MWANAKANDARASI anaposhinda zabuni ya serikali, jamaa na marafiki humpongeza kana kwamba ameokota almasi. Baada ya miaka miwili au mitatu, wengi wa waliopongezwa huonekana kwenye korido za wizara au makao makuu ya kaunti wakiwa na faili kwapani, wakiulizia malipo ya kazi waliyoikamilisha zamani, huku madalali wakiwasubiri nyumbani.

Kwa mujibu wa ripoti za Msimamizi wa Bajeti Margaret Nyakang'o, kufikia Juni 30, 2024 madeni ambayo serikali ya kitaifa pamoja na mashirika yake yalikuwa hayajalipa yalipita Sh500 bilioni. Serikali za kaunti nazo zilikuwa na malimbikizo ya takriban Sh182 bilioni, na sehemu kubwa ya fedha hizo zilidaiwa Kaunti ya Nairobi peke yake.

Si pesa zote hizo ni za wajenzi. Wamo wauzaji dawa, mawakili, na hata watu ambao ardhi yao ilitwaliwa kupisha miradi. Hata hivyo, kazi za ujenzi, hasa za barabara, ni miongoni mwa mafungu makubwa zaidi, na ndizo zinazoacha ushahidi unaoonekana na kila mpita njia: daraja lenye nguzo bila sakafu, wadi ya hospitali isiyo na paa, barabara iliyochimbwa ikaachwa iwe vumbi wakati wa kiangazi na tope wakati wa masika.

Ili kuelewa mzozo huu ni sharti kuanza na namna mwanakandarasi anavyolipwa. Hapewi fedha zote mwanzoni. Huenda akapata malipo ya awali ikiwa ana dhamana ya benki, kisha huendelea na kazi kwa pesa zake mwenyewe. Kila baada ya muda mhandisi wa mradi hupima kilichofanyika na kutoa hati ya malipo inayoeleza kiasi anachostahili kulipwa. Sehemu fulani hushikiliwa na serikali hadi mradi ukamilike na kipindi cha kurekebisha kasoro kimalizike.

Hati hiyo ikishatiwa saini na mhandisi, deni limezaliwa. Katika mikataba mikubwa inayofuata kanuni za kimataifa za FIDIC za mwaka wa 1999, mwajiri ana siku 56 tangu mhandisi apokee taarifa ya mwanakandarasi kulipa kiasi kilichoidhinishwa. Asipolipa, mwanakandarasi anaruhusiwa kutoa ilani ya siku 21 na kusimamisha kazi, au kupunguza kasi yake. Aidha, anaruhusiwa kutoza riba inayozidi kiwango cha Benki Kuu kwa asilimia 3, nayo riba hiyo huongezwa juu ya deni kila mwezi.

Kifungu hicho cha riba ndicho ambacho mlipa ushuru hafahamu kinavyomgusa. Mnamo Februari 2024 Benki Kuu ya Kenya ilipandisha kiwango chake hadi asilimia 13. Kwa kipimo cha FIDIC, riba ya deni la serikali ingekuwa asilimia 16. Hati ya Sh1 bilioni ikikaa bila kulipwa kwa miaka miwili katika kiwango hicho, deni linafika takriban Sh1.37 bilioni. Hizo Sh370 milioni za ziada hazijengi hata mita moja ya lami.

Wala riba si gharama pekee. Mitambo inapolala mahali pa ujenzi kwa sababu serikali haijalipa, mwanakandarasi hudai fidia ya muda huo. Greda, tingatinga na rola huendelea kuhesabiwa siku kwa siku, walinzi wakizichunga zisiibwe mafuta na betri. Kazi inaporejelewa, bei ya lami na ya dizeli huwa imebadilika, hivyo mkataba hupandishwa bei. Tabaka la changarawe lililokuwa limeshindiliwa huwa limesombwa na mvua na lazima lirudiwe. Barabara moja hulipiwa mara mbili, na hakuna aliyeiba chochote kwa maana ya kawaida ya neno hilo.

Ajabu ni kwamba sheria haijanyamazia jambo hili. Sheria ya Ununuzi wa Umma na Uuzaji wa Mali ya mwaka wa 2015 inamkataza afisa mhasibu kuanzisha mchakato wa zabuni kabla hajaridhika kuwa fedha za kugharimia mkataba zimo katika bajeti iliyoidhinishwa. Afisa anayekiuka hayo kwa makusudi anatenda kosa. Sheria hiyo hiyo inaitaka taasisi iliyonunua kulipa riba kwa pesa zilizochelewa, isipokuwa pale ambapo mkataba unasema vingine. Kama vifungu hivi vingefuatwa, sehemu kubwa ya madeni haya isingekuwepo.

Mbona basi yapo?

Jibu la kwanza limo katika tofauti kati ya bajeti na pesa taslimu. Bajeti ya Kenya hupitishwa kwa kutegemea makadirio ya ushuru ambayo mara kwa mara hayatimii. Mradi unaweza kuwa na fungu katika vitabu vya bajeti mwezi Juni, lakini ifikapo Machi mwaka unaofuata Hazina ya Kitaifa haina cha kutoa. Mishahara hailali, wala mikopo ya nje na hatifungani hazingojei. Kinachoweza kuahirishwa bila kelele za siku hiyo hiyo ni hati ya mwanakandarasi.

Mfano wa karibu ni ule wa mwaka wa 2024. Baada ya maandamano ya vijana ya Juni 25, Rais William Ruto alikataa kutia saini Mswada wa Fedha, na serikali ikalazimika kupunguza matumizi yake kwa mabilioni ya pesa. Makato hayo yaliangukia sana miradi ya maendeleo. Mikataba iliyokwisha kutiwa saini haikufutika kwa sababu bajeti imepunguzwa. Ilibaki pale pale, ikizaa riba.

Jibu la pili ni siasa. Barabara ni sarafu ya kampeni nchini Kenya. Utawala wa Jubilee ulipoingia ulitangaza mpango wa kuweka lami kilomita 10,000 za barabara kwa mfumo ambao wajenzi wangetafuta fedha wenyewe na kulipwa kidogo kidogo kwa miaka mingi. Mpango huo haukufika hata karibu na shabaha yake. Badala yake, mashirika matatu ya barabara yaliyoundwa na sheria ya mwaka wa 2007, yaani KeNHA, KeRRA na KURA, yaliendelea kutia saini mikataba ya kawaida ambayo jumla yake ilizidi mara kadhaa fedha walizotengewa kwa mwaka. Kila kipindi cha uchaguzi kilipokaribia, mawe ya msingi yaliongezeka.

Mbunge anayetaka barabara eneo lake hahitaji ikamilike. Anahitaji ianze. Tingatinga moja likionekana likisukuma udongo wiki chache kabla ya kura, kazi ya kisiasa imekwisha, na kazi ya kihandisi inaweza kungojea. Ndiyo sababu bajeti ndogo ya barabara ikagawanywa kwa miradi mingi mno, kila mmoja ukipata kipande kisichotosha hata kulipa walinzi wa mitambo.

Tatizo lenyewe lina umri. Utawala wa Narc ulipochukua hatamu mwishoni mwa mwaka wa 2002, ulirithi lundo la madeni ya miradi iliyokwama enzi za Kanu. Hayati Raila Odinga, akiwa Waziri wa Barabara na Ujenzi katika serikali ya hayati Mwai Kibaki, alivunja mikataba kadhaa na kuwashutumu wazi wazi wajenzi matapeli waliokuwa wakilipwa bila kufanya kazi ya maana. Kamati zikaundwa kuchuja madai. Miaka ishirini baadaye, mnamo Septemba 2023, kamati nyingine ilitangazwa katika gazeti rasmi la serikali chini ya aliyekuwa Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, Edward Ouko, ili kuchunguza madeni ya serikali ya kitaifa yaliyolimbikizwa kati ya Juni 2005 na Juni 2022.

Kipindi hicho ni miaka 17. Mtu aliyejenga darasa mwaka wa 2006 na bado hajalipwa alipaswa kukusanya upya stakabadhi zake na kuthibitishia wakaguzi kwamba darasa lilijengwa, wakati ambapo watoto waliosomea humo huenda tayari wana watoto wao.

Haifai, hata hivyo, kuwachora wanakandarasi wote kama malaika waliodhulumiwa. Mkaguzi Mkuu alipofanya ukaguzi maalumu wa madeni ya kaunti yaliyokuwepo kufikia Juni 30, 2018, aliwasilishiwa madai ya Sh88.98 bilioni. Kati ya hayo, ni Sh51.28 bilioni tu zilizopatikana kuwa na stakabadhi za kutosha kulipwa. Takriban Sh37.7 bilioni, sawa na asilimia 42 ya madai yote, hazikuwa na ushahidi wa kuridhisha. Palikosekana mikataba, hati za kuthibitisha kazi, au hata ishara kwamba kitu chochote kilinunuliwa.

Takwimu hiyo huwapa magavana kisingizio kizuri. Gavana mpya akiingia ofisini hupata rundo la madeni ya mtangulizi wake, ambaye mara nyingi ni hasimu wake wa kisiasa. Hutangaza kwamba madeni hayo ni hewa, huunda kamati ya kuyahakiki, na kamati hiyo huchukua mwaka au miwili. Ilitokea baada ya uchaguzi wa 2017 na ikajirudia baada ya ule wa 2022. Mjenzi halali na tapeli hutupwa katika kapu moja, na cha kusikitisha ni kwamba tapeli ndiye mwenye nafasi nzuri ya kuvumilia. Hakukopa ili kununua saruji ambayo hakuinunua.

Kuna pia lile suala ambalo wanakandarasi hulalamikia pembeni na kulikana hadharani. Hakuna utaratibu unaolazimisha anayedai kwanza alipwe kwanza. Fedha zikifika katika akaunti ya kaunti, afisa wa fedha ndiye huamua ni faili ipi itolewe chini ya rundo. Uwezo huo wa kuchagua una bei yake. Mfumo wa kompyuta wa IFMIS ulitarajiwa kuondoa ujanja huu, lakini kompyuta hulipa anayeingizwa na binadamu.

Anayeumia zaidi ni mwanakandarasi mdogo. Tangu mwaka wa 2013 serikali imetenga asilimia 30 ya zabuni kwa vijana, wanawake na walemavu. Nia ilikuwa njema. Lakini kumpa kijana asiye na mtaji zabuni ambayo italipwa baada ya miaka mitatu ni kumpa kamba na kumwambia achague mti.

Chukua mfano wa kampuni ndogo inayopewa kazi ya Sh20 milioni, bila kuhesabu ushuru, kukarabati barabara ya mashinani. Mwenyewe anatarajia faida ya asilimia 10, yaani Sh2 milioni. Anakopa Sh14 milioni benki kwa riba ya asilimia 17, akiweka rehani hati ya shamba la familia. Kazi inamalizika kwa miezi minne. Ikiwa kaunti itachelewa kumlipa kwa mwaka mmoja tu, riba ya benki itakuwa karibu Sh2.4 milioni. Faida imekwisha na sasa anaanza kula mtaji ambao si wake. Katika mwaka wa pili benki huanza kuulizia shamba.

Juu ya hayo, kuna Mamlaka ya Ushuru. Sheria ya Ushuru wa Ziada ya Thamani ya mwaka wa 2013 inahesabu kuwa huduma imeuzwa mara tu hati ya kuidhinisha kazi inapotolewa na msimamizi wa ujenzi, hata kama hakuna senti iliyolipwa. Katika mfano huu, VAT ya asilimia 16 ni Sh3.2 milioni. Mjenzi anaweza kupunguza ushuru aliolipa wakati wa kununua vifaa, lakini salio linatakiwa kufikia tarehe 20 ya mwezi unaofuata. Asipolipa, anatozwa faini na riba. Kwa hivyo mkono mmoja wa serikali humdai ushuru wa pesa ambazo mkono wa pili umekataa kumpa.

Asipokuwa na cheti cha kuonyesha kwamba amelipa ushuru, hawezi kuomba zabuni nyingine ambayo pengine ingemwokoa.

Madhara hayakomei kwake. Mwenye duka la vifaa vya ujenzi aliyempa saruji kwa mkopo anafunga. Vibarua waliochimba mitaro wanakosa ujira wa wiki za mwisho. Benki nazo zimehisi joto. Mwaka wa 2024 mikopo isiyolipwa ilipita asilimia 16 ya mikopo yote nchini, na sekta ya ujenzi ilikuwa miongoni mwa zilizotajwa. Benki inapoona hivyo huwapandishia riba wakopaji wote, wakiwemo wasiojua zabuni ni nini.

Mtu angeuliza: si aende mahakamani? Wengi huenda, na wengi hushinda. Ushindi ndipo taabu nyingine inapoanzia.

Chini ya Sheria ya Kesi Dhidi ya Serikali, sura ya 40, mali ya serikali haiwezi kukamatwa wala kunadiwa ili kulipa deni. Kinga hiyo ilipanuliwa na kufunika kaunti pia. Dalali anayeweza kubeba sofa na ng'ombe wa mwanakandarasi haruhusiwi kugusa hata gari kuukuu la wizara. Aliyeshinda kesi hupaswa kwanza kupata cheti maalumu cha hukumu kutoka kwa mahakama na kukiwasilisha kwa serikali. Asipolipwa, hufungua kesi ya pili kuomba amri ya kumshurutisha afisa mhasibu kutekeleza wajibu wake. Afisa akikaidi, mdai hurudi kwa mara ya tatu kuomba aadhibiwe kwa kudharau mahakama. Afisa huyo hujitetea kwa kusema kwamba fungu la fedha halipo, au kwamba amehamishiwa wizara nyingine.

Kuna hoja ya haki nyuma ya kinga hiyo. Hakuna mwananchi ambaye angependa kuona mashine za hospitali ya rufaa zikipigwa mnada kwa sababu ya barabara iliyojengwa kwingine, na fedha za umma haziwezi kutolewa bila idhini ya Bunge. Kasoro ni kwamba kinga iliyokusudiwa kulinda huduma imekuwa kichaka cha kujificha kwa afisa aliyeagiza kazi bila fedha. Yeye ndiye aliyevunja sheria ya ununuzi, na yeye ndiye anayelindwa.

Si wadai wote wanaozuiwa na ukuta huu. Mwezi Mei 2014, serikali ya Rais Uhuru Kenyatta ililipa Sh1.4 bilioni kwa kampuni mbili zilizohusishwa na sakata ya Anglo Leasing, baada ya mahakama za ng'ambo kutoa hukumu dhidi ya Kenya. Malipo hayo yaliwaghadhabisha wengi, lakini serikali ilikuwa ikijiandaa kuuza hatifungani yake ya kwanza ya kimataifa na haikutaka hukumu ikining'inia mbele ya wawekezaji. Mwezi uliofuata ilikopa dola bilioni 2.

Mikataba ya Anglo Leasing haikuwa ya barabara wala majengo ya kawaida, lakini funzo lake lilieleweka. Kampuni yenye hukumu ya London au Geneva ina mahali pa kuishika serikali. Mjenzi wa Kitui au Busia mwenye hukumu halali ya Mahakama Kuu hana. Kampuni za kigeni zinazojenga kwa mikopo ya nchi zao ziko salama zaidi, kwa maana mara nyingi mkopeshaji hulipa mjenzi moja kwa moja na kuiachia Kenya deni. Mzigo wa kungoja umebebeshwa wenyeji.

Ni kweli pia kwamba si kila mradi uliokwama ulikwamishwa na Hazina ya Kitaifa. Bwawa la Itare katika Kaunti ya Nakuru lilisimama baada ya kampuni ya Kiitaliano CMC di Ravenna kuomba ulinzi wa mahakama nchini mwao Desemba 2018 kutokana na matatizo yake ya kifedha. Mzozo wa mabwawa ya Arror na Kimwarer ulikuwa na mambo yake mengine. Ila kwa barabara za ndani zilizogharimiwa na ushuru wa Wakenya, chanzo kikuu kilikuwa kimoja.

Serikali imejaribu dawa mbalimbali. Akihutubia taifa mjini Narok wakati wa sherehe za Madaraka mwaka wa 2019, Rais Kenyatta aliagiza madeni yote yasiyo na dosari yalipwe kabla ya mwaka wa fedha kuisha mwezi huo huo. Baadaye Hazina ya Kitaifa ikatangaza kuzuia fedha za kaunti 15 zilizoshindwa kuonyesha kwamba zinalipa. Mwaka wa 2020 mswada wa kushurutisha taasisi za umma kulipa ndani ya siku 90 uliwasilishwa katika Seneti. Amri ya Rais ilipungua makali mara tu sherehe zilipokwisha. Ilivyo, amri haiwi na pesa ndani yake.

Hatua nzito zaidi ilichukuliwa mwaka wa 2025. Ushuru wa ukarabati wa barabara ulikuwa umepandishwa kutoka Sh18 hadi Sh25 kwa kila lita ya petroli na dizeli mwezi Julai 2024. Bodi ya Barabara nchini ikaamua kuweka rehani Sh7 kati ya hizo Sh25, ili kupata Sh175 bilioni za kuwalipa wanakandarasi wa barabara. Wawekezaji hutoa fedha sasa, kisha hurejeshewa kidogo kidogo kutokana na ushuru utakaokusanywa kwa miaka ijayo.

Dereva aliyejaza lita 40 wakati huo alilipa Sh1,000 za ushuru huo, na Sh280 kati yake zilikuwa zimekwisha kuahidiwa wawekezaji kabla hajawasha injini.

Hakuna ubishi kwamba mpango huo uliwapa wajenzi nafuu. Mitambo ilirudi katika barabara zilizokuwa zimetelekezwa, na baadhi ya kampuni zikaepuka kufilisika. Shirika la Fedha Duniani, kwa upande wake, lilihoji iwapo fedha hizo zisihesabiwe kama deni la umma, kwa kuwa mwisho wa yote ni mlipa ushuru atakayezilipa. Serikali ilishikilia kwamba imeuza tu mapato yajayo. Tofauti hiyo inawahusu wahasibu zaidi ya madereva.

Linalomhusu dereva ni kwamba ushuru huo ulianzishwa kwa ajili ya ukarabati. Kila shilingi inayokwenda kulipa barabara ya mwaka wa 2018 ni shilingi isiyoziba shimo la leo, na shimo lisilozibwa leo litahitaji mkataba mkubwa kesho. Tena mpango umefuta deni bila kugusa tabia iliyolizaa. Mashirika ya barabara bado yanaweza kutia saini mikataba mipya, na ni mchakato ule ule wa bajeti unaotakiwa kuyazuia ambao haukuyazuia awali.

Badiliko moja lisilo na shamrashamra huenda likawa na uzito zaidi. Kuanzia Julai 2024 serikali ilianza kuhamia mfumo wa hesabu unaoandika deni siku linapozaliwa, badala ya ule wa zamani uliosubiri pesa zitoke. Katika mfumo wa zamani, hati ya mwanakandarasi iliyolala kwenye droo haikuonekana katika vitabu vikuu. Waziri angeweza kutangaza kwamba nakisi ya bajeti imepungua, ilhali alichofanya ni kuacha kulipa.

Kaunti hazina ushuru wa mafuta wa kuweka rehani. Hata zile Sh10.5 bilioni za ushuru huo zilizotengewa kaunti ziligeuka kuwa vita kati ya magavana na wabunge. Tegemeo lao kuu ni mgao kutoka Hazina ya Kitaifa, ambao katika mwaka wa fedha wa 2024/25 ulikuwa Sh387.4 bilioni kwa kaunti zote 47 na hufika ukiwa umechelewa kwa miezi. Ukifika, mishahara hutangulia. Kwa wajenzi wa zahanati, masoko na barabara za vijijini, nafuu ya mwaka wa 2025 ilikuwa habari ya redioni.

Saa nayo inawahesabia. Sheria inayoweka muda wa kushtaki taasisi za umma inampa anayeidai serikali kwa mkataba miaka mitatu pekee kufika mahakamani, ilhali anayemdai mtu binafsi ana miaka sita. Kutumwa nje na kuambiwa arudi mwezi ujao si jambo linalosimamisha saa hiyo. Mjenzi ambaye malipo yake yalipaswa kutolewa na kaunti mnamo Agosti 2024 atakuwa na hadi Agosti 2027 kuwasilisha kesi. Uchaguzi mkuu umepangwa kufanyika tarehe 10 ya mwezi huo, na kaunti zitakazopata magavana wapya zitakuwa zikiteua kamati za kuhakiki madeni.